Chuma cha ajabu kwa ulimwengu wako wa kubuni: kimondo, malungu, Liganga au niobiamu ya Panda?

Anayeandika hadithi ya kubuni yenye falme na waganga, au anayetengeneza mchezo wa namna hiyo, hufika mahali akahitaji madini yake mwenyewe. Kuyapa jina geni na kusema "ni adimu sana" hakutoshi. Msomaji wa Tukuyu au Mafinga amekwisha kumwona mhunzi akifua springi ya gari mpaka ikawa panga. Ukimwambia chuma chako kilifuliwa usiku mmoja na asubuhi kikapasua mwamba, atataka kujua kilipashwa moto wa namna gani na kilipozwa na nini.

Njia tunayoishauri ni kushika madini ya kweli, kujua tabia zake moja moja, halafu uchawi ukauweka juu ya tabia hizo. Nyanda za Juu Kusini za Tanzania zina misingi minne ambayo mwandishi anaweza kuijengea: kimondo, chuma cha malungu (matanuri ya udongo ya kienyeji), chuma cha Liganga na niobiamu, na kila mmoja una uadimu wa namna yake. Ndiyo maana swali la kwanza ni hili: chuma chako ni adimu kwa sababu gani? Kwa sababu kilianguka mara moja tu? Kwa sababu wanaojua kukitoa ni wachache? Kwa sababu kipo tele lakini hakitii? Au kwa sababu moto hauwezi kukitoa kabisa? Jibu la swali hilo ndilo linalochagua msingi, na msingi ndio utakaoamua nani tajiri katika ulimwengu wako, nani anapigana na nani, na vita vitaisha vipi.

| | Kimondo | Chuma cha malungu | Chuma cha Liganga | Niobiamu |
|---|---|---|---|---|
| Mahali halisi | Mbozi, Songwe | Ufipa, Ukinga, Upangwa | Ludewa, Njombe | Kilima cha Panda, Mbeya |
| Uadimu unatoka | kwenye idadi | kwenye ujuzi na miiko | kwenye ukaidi wa mtapo (mawe yenye madini) | kwenye njia ya kuipata |
| Moto wa mhunzi | ukizidi unafuta michoro | unakijenga | ukizidi unakivunja | unakiharibu |
| Kinafaa hadithi ya | urithi, wizi, kiapo | koo, biashara, uanafunzi | siri ya kiufundi | radi, mapambo, vyeo |

Kimondo

Kimondo cha Mbozi kipo kilima cha Marengi, wilaya ya Mbozi, katika mkoa wa Songwe uliomegwa kutoka Mbeya mwaka 2016. Ni bonge moja lenye urefu wa takriban mita 3 na uzito unaokadiriwa kufika tani 16. Wanasayansi walikitambua mwaka 1930. Kama asilimia 90 yake ni chuma, karibu asilimia 8.7 ni nikeli, na kilichobaki ni shaba, fosforasi na salfa kidogo. Lilipokutwa, sehemu kubwa ilikuwa ardhini. Udongo ulichimbwa kuzunguka ukaachwa mhimili chini yake, kisha mhimili ukaimarishwa kwa zege. Hakuna shimo kubwa la kuangukia pembeni yake, na hilo peke yake ni zawadi kwa mtunzi: jiwe lililotoka juu bila kuacha jeraha ardhini.

Waandishi wengi hukimbilia kimondo kwanza kwa sababu kimetoka mbinguni. Wanakosea kwenye hesabu. Tani 16 ni kilo 16,000. Upanga mmoja tuseme ni kilo 1, na nusu ya chuma ipotee kwenye kukata na kufua. Hapo una panga 8,000, yaani jeshi zima. Adimu iko wapi tena? Ukitaka kimondo kibaki adimu, lazima ukibane mahali fulani. Unaweza kukifanya kidogo, kilo 80 badala ya tani 16, ambazo kwa hesabu ileile ni panga 40, na kila moja inaweza kuwa na jina na mwenyewe. Au unaweza kukiacha kikubwa ukabana ukataji. Watu wasio na chuma kigumu zaidi watakikata kwa nini? Kwa jiwe, mchanga na maji. Wakitoa kilo moja kila siku kumi, ni kilo 36 kwa mwaka, na kizazi kizima cha miaka 50 kitatoa kilo 1,800. Njia hii ya pili tunaipenda zaidi, kwa kuwa bonge linabaki pale pale, kila mtu analiona, na alama za kukatwa juu yake zinakuwa historia ya ufalme. Kila mfalme ana kovu lake.

Sasa tabia zake. Chuma cha kimondo kina kaboni kidogo mno, na kaboni ndiyo inayofanya chuma kiwe kigumu kinapozamishwa majini kikiwa chekundu. Kwa hiyo kimondo ukikitia moto na kukizamisha, kinatoka laini kama kilivyoingia. Mhunzi wa hadithi yako anayefanya hivyo na kupata makali ya wembe amevunja kanuni, isipokuwa kama uchawi wako upo hapohapo na umelipiwa gharama. Nikeli nayo hupunguza kasi ya kutu, kwa hiyo silaha ya kimondo inaweza kukaa kaburini muda mrefu ikatambulikana. Jambia lililokutwa kwenye maiti ya Tutankhamun, mfalme wa Misri wa karne ya 14 kabla ya Kristo, lilipimwa, na matokeo yaliyotolewa mwaka 2016 yalionyesha nikeli karibu asilimia 11, jambo lililothibitisha kwamba chuma chake kilitoka juu.

Tabia ya pili ndiyo tamu. Vimondo vya chuma vyenye nikeli ya kiasi hiki, ukikata kipande, ukakisugua hadi king'ae na kukipaka asidi ya nitriki iliyozimuliwa, huonyesha mistari iliyopishana kama ukili uliosukwa. Mistari hiyo ni aina mbili za mchanganyiko wa chuma na nikeli zilizojitenga wakati bonge lilipokuwa linapoa ndani ya mwili mkubwa angani, nyuzi chache kwa maelfu ya miaka. Ukikipasha kipande hicho hadi rangi ya manjano na kukiacha hapo, michoro inafutika, na hakuna mhunzi duniani anayeweza kuirudisha, kwa sababu hana mamilioni ya miaka ya kukipoza. Kama nguvu ya chuma chako imo kwenye michoro, basi umeshapata sheria yako bila kutunga: anayetaka umbo zuri anapoteza nguvu, anayetaka nguvu anaridhika na umbo dogo. Wamisri wa Gerzeh, zaidi ya miaka 5,000 iliyopita, walipiga vimondo vikawa bati jembamba, wakakunja wakapata shanga. Shanga, ncha za mishale, visu vifupi: hivyo ndivyo vitu vya kimondo. Upanga mrefu uache.

Kinachoharibika mara nyingi ni pale salfa ilipojikusanya. Salfa ikishikana na chuma huyeyuka kwenye nyuzi kama 990 za Selsiasi, mapema sana kuliko chuma chenyewe, na nyundo ikishuka kipande kinapasuka ndani kwa ndani kama mhogo mkavu. Mwanafunzi ataona ufa mweusi, atadhani amelaaniwa. Mwalimu atajua alipiga kikiwa na moto kupita kiasi.

Chuma cha malungu

Kama hadithi yako ina watu wengi, koo, ndoa, biashara na ugomvi, usihangaike na mbingu. Chagua chuma cha tanuri. Hapa mtapo upo chini ya miguu ya kila mtu, na kilicho adimu ni mtu anayejua.

Ufipa, mkoani Rukwa, malungu yalijengwa kwa udongo wa kichuguu, marefu kupita mtu, mengine yakifika mita 3, na chini yana matundu pande zote. Hayakuvukutwa. Urefu wa tanuri ndio uliovuta hewa, kama bomba la moshi linavyovuta. Kilichotoka humo kilikuwa bado kimejaa mavi ya chuma, yaani uchafu wa mtapo, kikapelekwa kwenye tanuri dogo lenye mivukuto kusafishwa, ndipo kikamfikia mfua. Hatua tatu, na watu wa kila hatua wanaweza kuwa tofauti. Mtunzi anayetaka siri igawanywe kati ya koo tatu zisizopendana ameipata bure. Upande wa pili, Wakinga wa Milima ya Livingstone walifua majembe na mikuki, wakashuka navyo bondeni kwa Wanyakyusa, wakabadilishana na chakula. Chuma juu mlimani, chakula chini bondeni, na njia moja ya mwinuko katikati. Ukiwa na ramani ya namna hiyo, vita na amani vinajiandika vyenyewe.

Miiko ilikuwa sehemu ya ufundi. Tanuri la Ufipa lilichukuliwa kama bibi harusi, wayeyushaji walijitenga na wake zao mpaka kazi iishe, na dawa ziliwekwa kwenye msingi kabla ya moto kuwashwa. Mtunzi asiyachukue haya kama urembo. Katika ulimwengu wa kubuni, mwiko ni kanuni ya kiufundi: ukivunjwa, kitu fulani kinachoonekana kwa macho lazima kiharibike, na uamue mapema ni kipi.

Ili uamue vizuri, jua tanuri linavyofanya kazi. Tuchukue tanuri dogo la mivukuto, maana ndilo mtu mmoja na wasaidizi wawili wanaloweza kulimudu ndani ya sura moja ya hadithi. Mtapo huokwa kwanza juu ya kuni ili unyevu utoke na mawe yawe mepesi kupondwa hadi ukubwa wa punje ya mahindi. Tanuri huwashwa kwa kuni masaa kadhaa likauke, halafu mkaa hujazwa hadi juu, na mtapo huingizwa kidogo kidogo, tabaka la mkaa na tabaka la mtapo. Ndani, karibu na mrija wa udongo unaoingiza hewa, joto hufika kati ya nyuzi 1,100 na 1,300. Chuma huyeyuka kwenye 1,538, kwa hiyo hapa hakiyeyuki kamwe. Kinachoyeyuka ni uchafu, unaotiririka chini kama asali nyeusi, na chuma hubaki kama sifongo, chembe zimeshikana, zikikua kuwa donge. Waandishi wengi humwaga chuma kama uji kutoka kwenye tanuri la udongo. Mtu anayejua akisoma hapo anafunga kitabu.

Kwa kupangia hadithi, tumia makadirio haya: kilo 30 za mtapo na kilo 40 za mkaa zinatoa donge la kilo 8. Ukilifua kukamua uchafu, zinabaki kilo 4, na kufua kwenyewe kumekula mkaa mwingine kilo 20. Yaani kilo moja ya chuma safi imekula mkaa kilo 15. Tanuru la mkaa la kufukiwa ardhini, kwa wastani mzuri, linataka kilo 6 za kuni kwa kilo moja ya mkaa, kwa hiyo kilo moja ya chuma ni kilo 90 za kuni. Jeshi la watu 500, kila mkuki nusu kilo, ni tani 22 na nusu za miti. Mfalme anayetaka vita lazima akate msitu, na jirani atajua vita vinakuja kwa kuhesabu moshi.

Makosa yake nayo ni mengi, na kila moja lina sababu yake. Mkaa ukiwa na unyevu, joto halipandi, mtapo unashuka mbichi hadi chini na kuziba. Mrija ukiyeyuka ncha au ukazibwa na mavi ya chuma, upande mmoja wa tanuri unakufa. Msaidizi hodari huchungulia kwenye mrija na kuona rangi, kama ni nyeupe inayoumiza macho mambo ni mazuri, kama ni chungwa lililofifia aingize kijiti kuuzibua upesi. Hewa ikizidi na mkaa ukawa mwingi kuliko mtapo, chuma kinakunywa kaboni kupita kiasi, kinayeyuka kweli, na kinachotoka ni chuma cha kusubu: kigumu, kinavunjika kama chungu, hakifuliki. Hapo ndipo mahali pazuri pa kuweka uchawi. Tanuri lililovunjiwa mwiko linatoa chuma kizuri kwa sura, kinang'aa kikivunjwa, lakini hakikubali nyundo.

Na kuna jambo moja ambalo msingi huu unalo na mingine haina. Donge moja halina kaboni sawa kote. Upande mmoja ni laini unafaa jembe, upande mwingine ni feleji ya kweli, yaani chuma chenye kaboni ya kutosha kuwa kigumu. Mfua huvunja donge vipande vidogo, huangalia chembe za mvunjiko (nyembamba za kijivu ni ngumu, pana zinazometa ni laini), akavitenga. Mwenye jicho hilo ndiye mwenye ufalme mkononi, na wala hahitaji kujua amebeba nini.

Chuma cha Liganga

Liganga iko Ludewa, mkoani Njombe, na jirani yake ni makaa ya mawe ya Mchuchuma. Mtapo wake ni sumakuasili yenye titaniamu na vanadiamu. Upo kwa wingi, kwa hiyo ukichagua msingi huu huwezi kusema madini ni haba. Uadimu lazima utoke kwenye ukaidi. Titaniamu hufanya mavi ya chuma kuwa mazito, hayatiririki, yanaganda kwenye koo la tanuri kama ugali uliopoa, na tanuri la kawaida linakufa mikononi mwa mwenyewe. Watu wa ulimwengu wako wanaweza kuishi juu ya mlima wa chuma kwa vizazi na vizazi wakinunua majembe kwa wageni. Hiyo ni hali ya kuumiza, na ina nguvu ya hadithi kuliko ukosefu mtupu.

Vanadiamu ndiyo zawadi yake. Kiasi kidogo sana ndani ya feleji hufanya chembe ziwe ndogo na ngumu kuchakaa. Zaidi ya hapo, watafiti John Verhoeven na Alfred Pendray walionyesha katika miaka ya 1990 kwamba mawimbi yanayoonekana kwenye panga za kale za Dameski yanatokana na chembe za kabidi (chuma kilichoshikana na kaboni) kujipanga mistari, na chembe hizo hujipanga kwa sababu ya vitu kama vanadiamu vilivyokuwa ndani ya chuma kwa kiasi kisichozidi chembe ya chumvi kwenye sufuria. Feleji hiyo ina kaboni karibu asilimia 1.5. Ukiipasha hadi manjano na kuipiga, inasambaratika. Inataka ipigwe ikiwa kati ya wekundu na chungwa, mara nyingi, kidogo kidogo, na mhunzi mwenye haraka hupoteza kazi ya wiki nzima kwa pigo moja.

Chagua Liganga kama fumbo lako ni la ufundi: kwa nini panga za babu zilikuwa na mawimbi na zetu hazina? Jibu liwe kwamba mtapo ulihamishwa kutoka mgodi mmoja hadi mwingine, na hakuna aliyejua mgodi wa kwanza ulikuwa na nini. Sumakuasili pia huvuta dira, kwa hiyo mabaharia na wasafiri wa hadithi wapotee hapo bila jini yeyote.

Niobiamu

Kilima cha Panda kipo magharibi ya jiji la Mbeya, na mwamba wake una madini ya niobiamu. Niobiamu ilitambuliwa mwaka 1801 na Charles Hatchett wa Uingereza. Inayeyuka kwenye nyuzi 2,477, moto ambao mkaa na mivukuto haviufikii. Hata ungeufikia, hakuna faida, kwa sababu niobiamu ikipata moto mwekundu hewani inakunywa hewa, inakakamaa na kuvunjika. Ikiwa safi ni laini, inapigwa baridi, inavutwa waya, haioti kutu.

Ajabu yake ni rangi. Ukiitumbukiza kwenye maji yaliyotiwa chumvi inayopitisha umeme, ukaiunganisha upande chanya na kupandisha volti taratibu, uso wake unavaa utando mwembamba wa oksidi, na mwanga unaogonga utando huo unarudi ukiwa na rangi. Huanza kahawia, ukaingia zambarau na buluu, kisha manjano, waridi, na karibu volti 100 kijani. Hakuna rangi iliyopakwa. Unene wa utando ndio rangi, na rangi inakwambia volti iliyopita hapo ilikuwa ngapi. Ukiikwangua, rangi inaondoka.

Kwa watu wasio na mitambo ya umeme, umeme ni radi. Nyanda hizi zinajua radi, na Sumbawanga jina lake lenyewe husimuliwa kuwa ni "tupa uchawi wako". Chuma kinachobadilika rangi kulingana na ukubwa wa radi iliyokipitia kinaweza kuwa cheti cha mganga: kijani hakidanganyi. Lakini ukweli mmoja ukubali. Tanuri halitoi niobiamu, kwa hiyo lazima uamue watu wako waliipataje, kwa mti unaoinyonya, kwa mdudu, kwa mto unaoiacha mchangani ikiwa tayari imesafika. Usipoamua, msingi huu unakuwa dhaifu kuliko yote minne. Haufai silaha pia. Utumie kwa mapambo ya vyeo, alama za kiapo, pete za waliookoka.

Wapo wanaouliza dhahabu ya Chunya. Dhahabu ya Lupa, hukohuko Chunya, ilianza kuchimbwa miaka ya 1920 na watu wa huko wana msamiati mzuri kuliko wote: duara (shimo la mgodi), karasha (mashine ya kusaga mawe), mwalo (mahali pa kuoshea), marudio (mchanga uliokwisha kuoshwa). Chukua msamiati na maisha ya machimbo, uache madini yenyewe. Dhahabu msomaji anaijua bei yake kwa gramu, na akishaanza kupiga hesabu ya shilingi uchawi umekwisha.

Rangi za moto

Ukichagua chochote kinachopita kwa mhunzi, jifunze rangi, maana mhunzi hana kipimajoto. Karibu nyuzi 700 chuma kinakuwa damu ya mzee. Kwenye 770 au zaidi kidogo sumaku haikishiki tena. Hiyo ndiyo dalili anayoingojea anayetaka kukizamisha. Karibu 950 ni chungwa, 1,100 ni manjano, na 1,300 na kitu kinakuwa cheupe na kuanza kutoa cheche chenyewe, dalili kwamba kinaungua. Hizi husomwa kivulini. Kwenye jua la saa sita damu ya mzee huioni kabisa, ndiyo maana kibanda cha mhunzi kina giza, na mandhari yako iwe hivyo.

Baada ya kuzamisha, feleji ni ngumu lakini inavunjika kama kioo. Inasuguliwa mpaka ing'ae, inapashwa polepole, na rangi nyingine zinatembea juu yake: manjano ya majani makavu kwenye 220 hivi, zambarau kwenye 280, buluu kwenye 300. Kisu hukatishwa kwenye manjano, springi kwenye buluu. Rangi inakimbia; sekunde chache ukizubaa kisu kimekuwa springi. Ukitaka kuiona kwa macho, kipande cha springi ya gari kwa mhunzi yeyote wa Mwanjelwa, Mbeya, kitatosha, na ukiweka kwenye jiwe la kunolea tazama cheche: chuma chenye kaboni nyingi cheche zake zinapasuka kama maua, kisicho na kaboni kinatoa mistari mirefu mitupu.

Jina na ngeli

Hapa Kiswahili kinampa mtunzi kitu ambacho lugha nyingi hazina, na wengi wanakiacha. Dhahabu, fedha, shaba na risasi ziko ngeli ya I-ZI: ni vitu vya kupimwa, havihesabiki. Chuma kiko KI-VI, na "vyuma" tayari ni vipande, ni silaha, ni mali ya mtu. Bati lina mabati. Ukitunga jina, tuseme luvanzi, amua ngeli siku hiyohiyo. "Luvanzi imeyeyuka" ni madini. "Luvanzi umechipua" ni kitu kinachoota kama mti, nacho kitafaa sana ile niobiamu inayonyonywa na mti. Ukiandika "imeyeyuka" sura ya tatu na "kimeyeyuka" sura ya kumi bila kukusudia, msomaji makini atadhani madini yamebadilika tabia na atakusubiri ueleze.

Jina lenyewe lisemee kwa sauti mbele ya wazee wa lugha mbili tatu za hapa. Neno lisilo na hatia kwa Wanyakyusa linaweza kuwa tusi kwa Wahehe, na hilo hutaliona kwenye kamusi.

Halafu kuna upatanisho wa viumbe. Chuma cha malungu, chenye tanuri lililo bibi harusi, kinaweza kuongelewa na wafua kwa "a-" badala ya "ki-", na watu wa nje wasijue kwa nini. Huhitaji kuandika kwamba chuma kina roho. Mwanafunzi mgeni anasema, "Babu, kimepoa." Mzee anajibu bila kugeuka, "Amepoa, mjukuu wangu. Mfunike." Ufanye hivyo sura ya kwanza, usieleze, halafu ngoja. Sura ambayo mwanafunzi mwenyewe, peke yake kibandani, anachungulia kwenye mrija na kunong'ona "amezaliwa", weka hapo badiliko kubwa la hadithi.